Usimvishe Mama Gauni la Kwaya

Ikola

Mdogo wangu Skola,

Pokea salamu za kaka yako. Mama analala, au mguu bado unamkeshesha? Na nyie wengine hamjambo? Mimi mgongo tu unauma kwa magunia ya dagaa. Simu yangu ilidumbukia ziwani, ndiyo maana nimempa konda barua.

Wiki hii namfanyia kibarua Seif, mpiga picha za harusi wa Mpanda, siku hizi anatengeneza filamu. Nambebea jenereta na taa. Jana jioni alitundika shuka ukutani akatuonyesha komedi ya hospitali, anayoipenda kuliko zote. Daktari mkuu anapita wodini na wenzake, anamwambia mgonjwa, "Unaendelea vizuri sana." Mgonjwa amekufa tangu asubuhi! Wenzake wanapiga makofi. Wavuvi walicheka hadi machozi.

Seif akasema, "Umemwona fundi aliyeipiga? Kamera haitoki kwenye makoti meupe. Mgonjwa unaonyeshwa nyayo tu."

"Hiyo komedi naijua," nikamwambia. "Mama yangu kaicheza."

Unakumbuka, Skola. Kwetu mgonjwa anaogeshwa, anapakwa mafuta, anavishwa vizuri ili manesi wamheshimu. Siku ile ya kumpeleka hospitali tukamvisha Mama gauni la kwaya, na kiatu tukakilazimisha kwenye mguu uliovimba kama kinu. Yule bwana wa koti jeupe hakuinua hata pindo.

"Bibi umependeza! Unaenda harusini? Kanywe maji."

Na sisi tukajibu, "Asante daktari." Mpuuzi yule, shule yote ile hajui mguu uko wapi! Na sisi tuliomfichia ni wapuuzi zaidi.

Konda anasema Jumatatu unamrudisha Mama hospitali. Mrudishe, mguu ule hausubiri. Lakini aende na kanga ya shamba, bila mafuta, bila kiatu. Wakikwambia subiri, mlaze mlangoni kwa daktari, auruke mguu huo akienda kunywa chai. Akisema Mama anaendelea vizuri, usishukuru. Mwambie aushike kwanza.

Msalimie shemeji, mume wako, na baba mdogo anayetuchungia ng'ombe. Gauni la kwaya lifue, ulikunje, uliweke. Mwambie Mama nataka kumkuta nalo kanisani, amesimama, anaimba.

Ni mimi kaka yako,
Pius