Dada Aliyeuliza Habari za Maji

Mjukuu wangu Neema,

Marahaba. Huku Uru hatujambo, na ng'ombe wetu amezaa salama.

Unauliza uwaanzeje wazee unaotaka kuwahoji. Miaka ya tisini, nikiuza mbege, ile pombe yetu ya ndizi, Moshi mjini bila leseni, alinijia dada mwenye daftari. Nikajua ni mtu wa manispaa! Nikafunika ndoo kwa kanga.

"Mama, naandika historia ya maisha ya hapa," akasema. "Ulipohamia mjini, nani alikuonyesha pa kuteka maji?"

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Nikamwambia ni jirani yangu, marehemu Mama Aisha. Akaliandika jina lake taratibu, akanisomea kuhakikisha amepatia. Baada ya hapo nilimweleza kila kitu.

Nawe, mama, waambie mapema umefuata nini, wapate kupumua.

Bibi yako