Treni Iliyokaa Eda

Ngombezi, Korogwe
Agosti 1968

Kaka yangu Dunstan,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima huko Lutindi, wewe, shemeji Justa na watoto, na kwamba baridi ya mlimani haijamrudishia mama kifua chake. Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio sijui niuelezeje, lakini nitajaribu kwa utaratibu, kama ulivyonifundisha.

Unajua kwamba shamba letu la mkonge lina treni ndogo ya umeme, inayopeleka mizigo stesheni ya Korogwe na kuchukua watu siku za gulio. Sasa wakubwa wanafikiria kuifikisha Handeni. Meneja mpya, aliyeletwa shamba lilipofanywa la umma mwaka jana, aliniamuru niandike historia ya treni hiyo, isomwe mbele ya mgeni kutoka Dar es Salaam atakayetoa uamuzi. Kaka, kazi hii imenichosha kuliko kukata mkonge. Niliandika kwamba reli ilijengwa na Mgiriki, mwenye shamba wa zamani. Meneja akasema Mgiriki afutwe, reli ilijengwa na wafanyakazi. Nikaandika wafanyakazi, akasema hao walikuwa wakionewa, na maonevu hayafai kutajwa siku ya furaha, nao wafutwe. Mwishowe historia ikaanzia mwaka jana. Treni ina umri wa mwaka mmoja na kutu ya miaka thelathini.

Akanituma pia Handeni nikawahamasishe wananchi. Mzee Lemayian, mfugaji, aliniuliza waya ukiua ng'ombe wake nani atamlipa, mimi au umeme. Nikajibu kwamba serikali imelifikiria jambo hilo. Akasema basi serikali ina bahati, yeye analifikiria tangu asubuhi na hajapata jibu. Wenzake walicheka mpaka nikasahau hotuba.

Dereva wa treni alikuwa Mzee Sadala, Mzigua wa Kwamndolwa. Kwa miaka mingi alisema treni ni mke wake mdogo, na mkewe Hajira akawa anamtuma amsalimie mke mwenzake. Juma lililopita Sadala alifariki ghafla alfajiri, akazikwa mbio mbio kabla hata ya adhuhuri, kwa sababu mgeni alikuwa anakuja kesho yake na Meneja hakutaka matanga yaingiliane na sherehe.

Asubuhi tukaikuta treni imefunikwa kaniki kutoka mbele hadi nyuma, na Wanyamwezi wa shambani wamekaa relini. Wewe unaujua utani wao na Wazigua, hasa msibani. Mkubwa wao, Mihambo, alimwambia Meneja kwamba huyu ni mjane wa marehemu, yumo edani, hatoki nje kwa miezi minne na siku kumi wala havishwi bendera. Na mwanamume anayemharakisha mjane aseme wazi kama ana nia ya kumposa. Hata waliokuwa wakilia walicheka. Mtu wa hapa angetoa kuku mmoja, watani wangeondoka wakiimba na treni ingekwenda. Nilimnong'oneza Meneja hivyo, nikarudia. Alisema hawezi kuwahonga wahujumu kwa kuku. Mgeni, aliyekuwa aletwe na treni hiyo, alisubiri juani Korogwe, akachoka, akapanda gari lake akaenda zake. Jioni polisi wakamchukua Mihambo na wenzake wawili.

Siku ya kwanza waliwatania hata askari. Walimwambia mmoja kwamba mahabusu yake ni nzuri kuliko nyumba aliyomjengea mama mkwe wake. Jana nilipowapelekea chakula walikula bila utani, na Mihambo hakunitazama.

Sasa Meneja anataka niende polisi nikathibitishe kwamba watu hao walivunja banda la treni. Nikisema hivyo watafungwa, nami nitapanda cheo. Nisiposema, ameniambia kwamba makarani waliomaliza shule wapo tele.

Kaka, banda halikuvunjwa. Nililifungua mimi. Baada ya mazishi Mama Hajira aliniita nyumbani kwake akasema mumewe amefukiwa haraka kama mtu asiye na watu, watani hawakupata hata nafasi ya kuzuia jeneza, na kwa Mzigua hiyo ni aibu. Aliomba wapewe treni kwa asubuhi moja tu. Ufunguo wa banda hukaa kwangu, karani. Nikaenda nikawafungulia watani, tena nikicheka, nikidhani Meneja atatoa kuku.

Leo nilimwambia Meneja hayo yote. Akauliza kama kuna mtu mwingine niliyemwambia. Nikasema hakuna. Akasema vizuri, basi asiwepo, na kesho niende nikaseme lilivunjwa.

Ndiyo sababu nimekuandikia kabla ya usiku kuingia, na barua hii naitia posta sasa hivi, kabla woga haujanishauri vingine. Mtu mwingine sasa yupo, na kesho polisi nitasema niliyokuandikia.

Mpe mama mkono wangu, lakini usimsomee habari za polisi. Wakinifukuza kazi tu, nitakuja nyumbani; nisipoonekana huko kufikia gulio lijalo, uje wewe, asije yeye.

Wako katika damu, na kwa leo bado karani,

Yordani