Nyumba ya Ipuli na Neno la Mtani

Tabora mjini,
Jumapili, mvua imekatika sasa hivi

Dada yangu Mwanaidi, mama yangu wa pili,

Shikamoo. Pokea na nyingine juu yake, maana ile ya kwenye simu wiki iliyopita mtandao uliikata kabla hujaitikia. Mgongo unasemaje? Ile dawa ya kuchua niliyoituma kwa basi ilifika, au kondakta amejichua mwenyewe? Mikorosho imeanza kutoa maua? Huku mimi mzima, na mke wangu Nyamizi mzima. Anakuamkia, na anasema ule mkeka uliomsukia wageni wanauulizia kila wakija.

Nianze na langu, unanijua. Dada, bahati ingekuwa inauzwa kwa kilo, mimi ningefungua ghala. Hapa nilipo nimekaa barazani kwangu Ipuli, nyumba ya vyumba vitatu na sebule, bati jekundu, vigae chini vinavyong'aa mpaka mgeni anavua viatu bila kuambiwa. Nimekunja nne, kahawa iko pembeni, na majirani wakipita wananiita tajiri wa Pwani. Chumba chako ni kile cha upande jua linakochomoza. Kitanda cha mninga kipo, chandarua nimeshafunga. Mtoto wa Maneromango aliyeishia kidato cha pili anamiliki nyumba katika mji wa Wanyamwezi! Nimefika Lubumbashi, nimefika Lusaka nikiwa taniboi wa malori, lakini dereva wangu angeniona leo angeniomba lifti.

Sasa kwa nini nimeandika na simu ipo. Kwenye simu nikianza jambo la maana naishia kukuchekesha, na salio linaisha tukicheka. Hili si la kucheka. Uliniambia mnunuzi wa shamba la mama anakuja baada ya Ijumaa, na kwamba ukishauza utafungasha uje ukae nami huku, na hela inayobaki unipe nimalizie "kadeni kadogo ka nyumba". Haya. Kabla hujaweka dole gumba kwenye karatasi ya mtu, vaa miwani, soma mpaka mwisho.

Unakumbuka miaka mitano iliyopita nilikupigia nikipiga vigelegele kama mwanamke, nikasema benki wamenipa milioni thelathini za kununua nyumba. Sikukuambia siku ile ilikwendaje. Afisa wa mikopo alikuwa mama mmoja wa Nzega, Mama Kabula, mnene, ana sauti ya kuita ng'ombe. Alipoona jina langu kwenye fomu akainua kichwa.

"Mwinshehe? Huyu si Mzaramo huyu! Ngoma umemwachia nani kwenu?"

"Nimemwachia bibi yako," nikamjibu. "Na wewe pembe za ndovu umezitua wapi, mpagazi wee? Babu zako wamebeba mizigo kutoka hapa mpaka mlangoni kwetu, wakalipwa shuka moja wakashukuru."

Benki nzima ikacheka, hata askari wa mlangoni. Dada, miaka yote niliyokaa huku hakuna kilichonipa raha kama utani wa Wanyamwezi. Msiba wa mkwe wangu nilikalia jeneza, nikakataa lisitoke mpaka wanilipe. Wakanilipa kuku. Mji huu ni kama wamenitandikia kitanda.

Basi tukiwa kwenye raha hiyo Mama Kabula akavuta kiti, akasema, "Haya mtani, sikiliza. Milioni thelathini, miaka kumi na tano, kila mwezi unaleta laki nne na sitini. Siku ukimaliza utakuwa umetulipa kama milioni themanini na tatu. Yaani unalipia nyumba karibu tatu ili ulale kwenye moja."

Nilicheka mpaka machozi. "Na hizo nyingine mnaweka nini, michembe yenu ya viazi?"

"Nasema kweli, Mzaramo."

"Na mimi nasema kweli, Mnyamwezi: kaoge."

"Nenda kwanza nyumbani, ukae na mkeo, mpige hesabu."

"Mzaramo hapigi hesabu, anapiga ngoma," nikasema, nikasaini. Na nilisaini kwa mbwembwe, dada, mkia wa jina ukatoka nje ya mstari.

Wewe umekulia kwenye mila hizi. Mtani akisimama msibani akasema marehemu amekufa na ng'ombe wake kumi, nani anakwenda zizini kuhesabu? Akikuambia mchumba wako ana kichwa kama kibuyu, unavunja posa? Neno la mtani unalicheka, unamrudishia lingine, mnakula. Ndivyo nilivyofanya. Nilikuwa na mtu wa kuniambia kweli, akaniambia kwa mdomo wake, mchana, mbele ya watu, na mimi nikampa alama kwa uchekeshaji.

(Samahani mwandiko umepinda hapo. Kuna mteja alikuja kuulizia plagi ya pikipiki, nimemhudumia.)

Nikalipa. Dada, mimi nina maneno mengi lakini deni nalipa. Duka langu la vipuri linategemea wakulima wa tumbaku. Wakilipwa vizuri, kila mtu anakumbuka bajaji yake inapiga kelele. Wakicheleweshewa hela, anafunga bomba kwa waya na maisha yanaendelea. Kuna miezi nilikula ugali na kisamvu mpaka nikahisi naota majani, lakini laki nne na sitini ilikwenda. Nyamizi aliuza hata cherehani yake. Moyoni nilikuwa na hesabu yangu safi ya darasa la nne: miaka kumi na tano, mitano imekwisha, hiyo ni theluthi. Theluthi ya thelathini ni kumi. Zimebaki ishirini. Nani atanipinga?

Basi mwezi wa Shaabani nikauza bajaji yangu moja, nikapata milioni tano taslimu. Nikamwambia Nyamizi, vaa kitenge kipya, twende ukaone mumeo anavyolishika deni shingoni. Mimi nikavaa kanzu na koti. Tukapanda bajaji ya mtu mwingine, nikampa dereva hela zaidi, nikamwambia baki nayo, leo nimeamkia ubavu wa kulia.

Mama Kabula yupo, ameongezeka miwani. Nikammwagia hela mezani. "Mpagazi, hesabu hizo! Zimebaki ishirini, toa tano, niandikie kumi na tano."

Akabonyeza kompyuta. Akabonyeza tena. "Deni lako ni milioni ishirini na sita na nusu."

Nikacheka. Nikamtazama nione yeye anachekaje. Hakucheka. Nikamtupia tusi zuri kabisa, la bibi yake na pembe za ndovu, nikangoja anirudishie. Hakurudisha. Dada, mtani asiporudisha tusi, ujue kuna maiti ndani. 

"Mama Kabula, utani mwisho wake wapi na kazi inaanzia wapi?"

"Leo hakuna utani, shemeji," akasema. Akaniita shemeji! Miaka mitano ananiita mpiga ngoma, leo shemeji. Hapo ndipo nilipoogopa kweli.

"Lakini nimeleta zaidi ya milioni ishirini na saba! Zimekwenda wapi?"

Akavua miwani. Akamgeukia Nyamizi, akaanza kumweleza kwa Kinyamwezi, kisha akarudi kwenye Kiswahili ili na mimi nipate. Nakuandikia alivyosema, maana ndiyo maneno niliyoyalipia ghali kuliko yote maishani. Alisema: chukulia umekopa magunia thelathini ya mpunga. Mwenye mpunga anasema, kila mwaka, kwa kila magunia mia uliyonayo, nataka kumi na saba ya riba. Kwa hiyo thelathini yako inadai magunia matano na kidogo kila mwaka, kabla hujapunguza hata punje. Wewe mwaka mzima unahangaika, unaleta matano na nusu. Riba inakula kwanza. Inakula matano, inajipangusa mdomo. Zinabaki debe mbili tatu, hizo ndizo zinazopunguza deni. Mwaka wa pili hivyo hivyo, debe zinaongezeka kidogo. Miaka ya mwanzo unailisha riba, deni lenyewe unaanza kulikata kwa nguvu uzeeni.

 Milioni ishirini na saba, dada! Deni limepungua milioni tatu na nusu! Nilikuwa kama mtu aliyetembea kutwa akainua kichwa jioni akaona bado yuko nyuma ya choo chake.

 Nyamizi akasema taratibu, "Kwa hiyo tumefuga panya miaka mitano."

Mimi nikapandisha sauti, benki nzima ikageuka. "Kwa nini hukuniambia?"

"Nilikuambia," Mama Kabula akasema. "Ukaniambia nikaoge."

Nikaanza kuzipanga upya zile hela mezani, noti kwa noti.   Askari wa mlangoni, yule yule aliyecheka siku ya kwanza, aliangalia pembeni kama mtu aliyekuta mkwewe anaoga.

Mama Kabula hakuniacha hivyo, na nitamshukuru mpaka kufa. Alisema hizo milioni tano nisiziache zikagawanywa kwenye marejesho ya miezi inayokuja. Niandike kwamba zinakwenda kukata deni lenyewe, kisha niendelee na laki nne na sitini ile ile. Akaniambia, ukifanya hivyo unakata zaidi ya miaka mitatu mkiani. Milioni tano, miaka mitatu na ushee! Nikauliza, kumbe hata elfu hamsini za ziada mwanzoni zingesaidia? Akasema zile za mwanzoni ndizo zingesaidia kuliko zote. Nikafikiria kuku na pilau za siku ile ya kuhamia, nilivyolisha mtaa mzima na kukodi muziki. Nikataka kulia, ila nilikuwa nimevaa koti.

Tulipokuwa tunatoka ndipo akanirudishia utani wangu, kwa sauti ndogo: "Babu zetu walibeba mizigo yao mpaka kwenu, wakaitua, wakarudi. Safari hii mpagazi ni wewe, Mzaramo. Tembea polepole, usiutupe."

Sasa rudi kwenye shamba la mama. Najua moyo wako. Unataka kuuza unisaidie, kisha uje uzeekee kwangu. Dada, usiuze. Nakukataza, mimi mdogo wako, na unisamehe kwa kukukataza. Hela ya shamba ukiimimina hapa, deni litapungua tu, halitakwisha, na wewe mwenyewe hutaona hata povu. Na nikija kuteleza miezi kadhaa, biashara ikifa au nikiugua, nyumba wanaichukua wenyewe, na wewe utakuwa huna mikorosho wala chumba. Tutakuwa watu wawili wazima tumeketi stendi na mkeka mmoja. Ile mikorosho haikudai kitu. Unalala, inazaa. Hakuna afisa anayekuja kukuambia imezaa lakini imekula yenyewe kwanza. Mnunuzi akija, mpe maji ya kunywa, mpe na korosho akatafune njiani, mwambie mwenye shamba amebadili mawazo. Akiuliza kwa nini, mwambie una ndugu Tabora mwenye akili. Hapo unaweza kucheka.

Na mwanao Hamisi, nasikia amepata ajira na anaanza kuzungumzia mkopo wa nyumba Mbagala. Simkatazi, nyumba ni kitu. Lakini mwambie asiulize kila mwezi analipa ngapi, maana hilo ndilo swali langu na lilinitosha. Aulize siku ya mwisho atakuwa amelipa ngapi jumla. Akijibiwa asicheke.

Msalimie Shangazi Tatu, msusi wetu wa ukili, mwambie kikapu chake nabebea vipuri na hakijakatika. Mjomba Pazi muadhini, mwambie huku nasikia adhana lakini sauti yake bado sijaipata. Shemeji Kibwana, asiniombe tena hela ya pikipiki. Mpe hii barua asome. Na lile kaburi la mama, nikwangulie majani upande wa kichwani.

Dada, utakuwa umeshajiuliza, maana wewe hakikupiti kitu: mteja wa plagi amefikaje barazani Ipuli? Hakufika. Amefika dukani. Nilipouza bajaji pato likapungua, na laki nne na sitini inadai ile ile, kwa hiyo nyumba ya Ipuli nimeipangisha yote. Anakaa mwalimu wa sekondari na familia yake. Mimi na Nyamizi tunalala chumba cha nyuma ya duka, katikati ya matairi na madebe ya oili. Kitanda cha mninga nimekiuza. Sikukaa kwenye baraza lolote, na kahawa hakuna. Chumba nilichokuahidi wanalala watoto wa mwalimu. Huna chumba kwangu, dada, na mimi sina. Usiuze shamba.

Mdogo wako,
Mwinshehe