Mgeni wa Matogoro na Simu Niliyoizima

Jumapili, mwezi wa pili. Msamala, saa kumi na mbili na nusu jioni.

Leo jua limewaka tangu asubuhi, baada ya siku nne za mvua mfululizo. Majirani wanaanua nguo. Za kwangu bado ziko kwenye beseni tangu jana, zimeanza kutoa harufu, na sina nguvu hata ya kuziangalia.

Nimechoka. Najua nimeliandika neno hili humu kwenye blogu mara nyingi mno, na aliyelizoea anaweza kuliruka. Lakini uchovu wa leo si ule wa miguu na mgongo. Leo uchovu wangu umeua.

Nianze na jana, maana ndipo kosa lilipoanzia. Wiki nzima nilikuwa upande wa Namtumbo, ambako tembo wameingia kwenye mahindi ya watu. Kazi yangu ni wanyamapori, kwa hiyo tembo akila shamba, anayetukanwa ni mimi. Wale wazee walinitukana kwa adabu kabisa, wakanipa na chai, kisha wakaniuliza kama hao tembo wangu nimewafundisha kusoma, mbona wanayajua mashamba yaliyopaliliwa vizuri tu. Nilicheka nao. Nililala kwenye darasa la shule siku tano, juu ya madawati mawili yaliyounganishwa. Jana jioni nikafika nyumbani, nikaoga, nikaishika simu, nikaizima.

Sikuishiwa chaji. Niliizima mwenyewe, kwa kidole changu, na nilisikia raha kuizima.

Sasa kuhusu hiyo simu. Kwenye mlango wa ofisi ya mtaa kule Matogoro kuna tangazo nililolibandika mwenyewe mwaka jana. Lina picha ya kakakuona na picha ya zile okidi za mlimani ambazo watu huzichimba viazi vyake kwa kuuza, mpaka sasa ukipanda juu unatembea nusu siku kuliona ua moja. Chini ya picha nimeandika: UKIVIONA USIGUSE, PIGA SIMU. Halafu namba yangu, kwa tarakimu kubwa ambazo hata asiyeona vizuri atazisoma. Kwa sababu ya tangazo lile watoto wa Matogoro wananiita Mama Kakakuona. Mwanzoni nilinuna, siku hizi naitika.

Tangazo halikutosha, nikafanya na mikutano. Niliitisha mitatu. Niliwaambia habari ile ya kumwekea kakakuona unga, maji, jembe na panga ili atabiri mwaka, iishe. Asiyeijua mila hiyo ni hivi: kakakuona akionekana, wazee humwita mgeni. Wanampangia vitu vile chini, wanakaa kimya, wanaangalia atakwenda wapi. Akienda kwenye unga au maji, mwaka ni mzuri. Akienda kwenye panga, watu wajiandae kwa ugomvi. Mimi nikawaambia yule ni mnyama aliye hatarini kutoweka, si mganga. Msimzunguke, msimguse, msimpe chochote, msimhamishe. Mfunikeni pale pale alipo asiondoke, kaeni mbali hatua ishirini, nipigieni, mnisubiri nije.

Hilo la kumfunika nilikuwa na sababu nalo. Kuna mmoja aliwahi kuachiwa na watu, akafuatwa na wanaotafuta magamba, na hakufika mbali. Nikaapa kwamba anayefuata nitamchukua mwenyewe na kumwachia mwenyewe, mahali ambapo hakuna anayepajua ila mimi.

Leo saa nane mchana, baada ya kulala mpaka nikajisikia mtu tena, nikawasha simu.

Meseji zikaanza kuingia moja juu ya nyingine. Nilikuwa nimepigiwa mara kumi na saba, na zote zilitoka kwa Mama Mapunda, mwenyekiti wa mtaa. Ya kwanza ilikuwa ya saa kumi na mbili na nusu alfajiri. Kulikuwa na ujumbe mmoja tu wa maandishi: "Afisa mgeni amekuja yuko kwa Mzee Ngonyani tumemfunika tunakusubiri."

Sikumbuki kama nilifunga mlango. Nilifunga tenga nyuma ya pikipiki, nikaweka na gunia, nikaenda.

Niliwakuta wamekaa. Yaani hilo ndilo siwezi kuliondoa kichwani. Watu kama thelathini, wamekaa chini kwa mstari kando ya shamba la mahindi la Mzee Ngonyani, hatua ishirini zilizopimwa. Nilijua zimepimwa kwa sababu walikuwa wamechora mstari kwa jembe. Wamama wengine walikuwa na nguo za kanisani. Walikwenda misa kwa zamu, kundi moja likienda lingine likibaki, mgeni asiachwe peke yake. Mbele yao, katikati ya mahindi yaliyofika kiunoni, palikuwa na pipa la plastiki la bluu lililokatwa kitako, limesimikwa juu ya mgeni na kufunikwa kwa bati, na juu ya bati mawe matatu.

Lilikuwa juani. Hapakuwa na kivuli hata cha kufunika sahani.

"Shikamoo mama," nikasema.

"Marahaba mwanangu. Pole na safari." Mama Mapunda alinyanyuka akikung'uta kitenge chake, uso wote furaha. "Hatujamgusa, Afisa. Hata maji hatujampa. Kama ulivyosema."

Mzee Ngonyani alikuwa pembeni, hakufurahi kama wenzake. Ndiye aliyemkuta, alfajiri, alipokwenda kuangalia kama mvua ya jana imelaza mahindi. Akaniambia, "Mimi nilitaka nimwekee unga na maji yake saa ile ile, tumsindikize kabla jua halijawa kali. Ndivyo bibi yangu alivyokuwa akifanya. Wakanikatalia, wakasema Afisa amekataza."

"Simu yako haikupatikana," Mama Mapunda akaingilia haraka, kana kwamba yeye ndiye mwenye kosa.

Nikamjibu kwamba simu iliisha chaji.

Akanionea huruma! Akasema, "Pole, mwanangu, umeme wetu huu." Na wale wamama wote wakaitikia pole. Nilitamani mmoja wao anitukane, hata kwa ile adabu ya Namtumbo.

Nikaondoa mawe. Bati lilikuwa la moto, nililiondoa kwa gunia. Ndani alikuwa amejikunja duara, kama wanavyojikunja wakiogopa, mkubwa kiasi cha kapu la sokoni. Alikuwa hai. Nilimwona anahema, pumzi fupi fupi, na pua yake kavu ilikuwa imechungulia chini ya mkia. Nililowesha gunia, nikamtia kwenye tenga, nikamwekea maji kwenye kifuniko cha ndoo. Hakuyatazama. Nikawaambia watu nina haraka, lazima nimpeleke msituni juu, penye baridi.

Walinisindikiza mpaka barabarani. Wamama wakapiga vigelegele. Mama Mapunda alishika ukingo wa tenga mpaka nilipowasha pikipiki, akamwambia yule mnyama, "Haya baba, nenda salama, utusalimie huko." Ukiwatazama ungesema wanasindikiza bibi harusi. Walikuwa wamefanya jambo kubwa na walijua. Wanavyotamani nyama na pesa watu siku hizi, na hapo hakuna aliyeng'oa gamba hata moja.

Nilipanda mpaka pale kijito kinapoanzia, nikazima pikipiki, nikafungua tenga chini ya miti. Nikamshika.

Kakakuona ukimshika hujikunja zaidi. Ndiyo silaha yake pekee. Huyu alijikunjua. Alilegea mikononi mwangu polepole, mkia ukaning'inia, na nikaona tumbo lake laini ambalo katika miaka yote hii ya kazi sikuwahi kuliona kwa mnyama aliye mzima.

Nilikaa naye pale muda. Nilimmwagia maji. Nilifanya mambo ya kipuuzi, kumpuliza, kumsugua, kumwita. Kisha nikalia, na naandika hilo kwa sababu ofisini sitalisema.

Nimempigia mkuu wangu. Amesema nyara ya serikali haizikwi ovyo, nimpeleke kesho asubuhi na maelezo ya maandishi. Kwa hiyo yupo hapa nyumbani, kwenye tenga lile lile, sakafuni stoo, na mimi niko hatua tano kutoka alipo naandika blogu.

Nimefanya hesabu ambayo sikutaka kuifanya. Kama mimi nisingekuwapo kabisa duniani, kama nisingebandika tangazo wala kuitisha mikutano, leo asubuhi ingekuwaje? Mzee Ngonyani angemkuta. Wangeita wazee. Wangemwekea unga na jembe na panga, na maji, na wangekaa kimya mpaka ajikunjue. Angetembea kidogo, wangeshangilia au wangenuna, na saa moja na nusu wangemsindikiza porini, wote thelathini. Na saa mbili angekuwa kwenye shimo lake amelala.

Mimi nimesomea kazi hii miaka mitatu.

Sisemi mila haina madhara. Nimeshaona kakakuona aliyeshikwashikwa na mtaa mzima mpaka akafa, na nimeshaona aliyetabiri na bado akaishia kwenye mfuko wa mtu. Ila niliwaambia waache yote, zuri na baya, na badala yake nikawapa namba ya simu. Namba ya mtu mmoja, ambaye huchoka. Sikuwaambia wafanye nini nisipopokea. Haikunijia kabisa kwamba watanitii kiasi kile.

Saa kumi na moja Mama Mapunda aliandika: "Afisa mgeni amefika salama?"

Sijamjibu. Nimeandika majibu manne na kuyafuta yote. La kwanza lilisema "Ndiyo mama, asanteni sana." Ni jibu rahisi kweli. Watafurahi, tangazo langu litaheshimiwa, na siku nyingine mgeni akija watanipigia. Nikisema ukweli, najua kitakachofuata. Watasema mwaka umeshaharibika, mgeni amefia mikononi mwa serikali. Na akionekana mwingine, anayependa pesa atanyamaza, ampeleke anakojua. Mkuu wangu naye angependa hilo jibu la kwanza, sina shaka.

Lakini nimeshamdanganya mama yule mara moja leo, na alinipa pole.

Halafu nikimwambia amefika salama, maana yake nimemwambia walifanya sawasawa. Na siku nyingine watafanya vile vile. Watachora mstari kwa jembe, watakaa juani na nguo za kanisani, na mimi nitakuwa Namtumbo, au Hanga, au nimelala. Hilo ndilo limenimaliza. Naogopa siku hiyo kuliko ninavyoogopa kesho ofisini.

Basi sitamwandikia. Habari ya msiba haitumwi kwa meseji hata kwa mtu usiyempenda, sembuse kwake. Kesho nitawahi kabla ya ofisi, nitampitia Mzee Ngonyani kwanza, nimpe shikamoo yake na nimwombe twende wote kwa mwenyekiti, maana yeye alisema na hakusikilizwa. Nitawaambia mgeni amekufa. Nitawaambia simu haikuisha chaji. Wakinifukuza nitaondoka, wakininyamazia nitakaa.

Kisha nitalibandua lile tangazo. Nitaandika jingine kwa mkono, hata kama mkuu atanila nyama kwa kuandika mambo ambayo hayamo kwenye mwongozo wowote. Mgeni akija, mwekeeni kivuli pale alipo. Mpeni maji. Unga na jembe kama mnataka, mradi asiguswe. Kisha msindikizeni nyote kabla ya jua kali, nyote kabisa, ili asiwepo wa kurudi nyuma kumfuata. Mkishamaliza ndipo mnipigie, mnisimulie alikwenda kwenye nini. Nitapenda kujua.

Na chini kabisa, kwa zile herufi kubwa, badala ya namba: MSINISUBIRI.