Maiti Wangu Wamemponza Bi Rukia

Jumapili, 4 Mei

Nimeandika kurasa mbili kabla ya chai. Maiti wa leo amefufuka kulalamika kwamba jirani yake wa kaburini anakoroma. Nimecheka peke yangu hadi Bi Rukia akagonga ukuta kuuliza nina nini. Nikamwambia kikohozi. Mungu anisamehe, akaniletea asali.

Bi Rukia ni dada mkubwa wa marehemu mama. Ndiye aliyenilea. Hapa mtaani Mkomani akifa mwanamke huitwa yeye kuosha. Hajui kwamba Bin Jeneza, mtunzi wa vituko vya wafu, ni mimi. Anayejua ni Njeri tu, mwalimu wa kutoka bara, anayenisahihishia miswada.

Jumatatu, 5 Mei

Kitabu kimefika! Hadithi saba. Yumo punda aliyemeza hirizi ya mganga akaanza kumtuma bwana wake dukani. Yumo jini aliyepanga nyumba Mkomani akahama baada ya wiki moja, umbea wa majirani umemshinda. Na kipenzi changu, bibi kizee anayeketi katikati ya kuoshwa akaikataa sanda, ati inamnenepesha.

Nimezinusa kurasa kama sufuria ya biriani. Njeri amepeleka nakala dukani. Mimi nimejipitisha mbele ya duka mara nne, bila haya.

Jumatano, 7 Mei

Wanakisoma! Nyumba ya harusi, siku ya hina, mmoja anasoma na ukumbi mzima unasikiliza. Nami nimo, mikono nimenyoosha nikipakwa, kimya kama sijui a wala be. Walipofika kwenye sanda, mpakaji kacheka mkono ukamteleza. Nina mstari wa hina hadi kwenye kiwiko. Siufuti. Sijapata kuwa na raha hivi tangu nizaliwe.

Alhamisi, 8 Mei

Balaa. Katika hadithi ile ya sanda, mwosha anakuta hirizi ya mapenzi kiunoni mwa bibi kizee. Bi Khadija, aliyefiwa na mamake mwaka jana, anasema huyo ni mamake. Na aliyemwosha mamake ni Bi Rukia. Basi ati Bi Rukia katoa siri.

Mwosha hufunika alichokiona. Hiyo ndiyo amana yake. Akiivunja, nani tena atamkabidhi mama yake? Nami wallahi hirizi ile niliitunga jikoni, nakuna nazi!

Bi Rukia hajala. Anauliza tu, nani huyu Bin Jeneza, nimemkosea nini?

Ijumaa, 9 Mei

Kumetokea msiba mtaa wa pili. Bi Rukia alivaa buibui lake, akatayarisha mkoba, akakaa barazani kungoja kuitwa. Wamemwita mwosha kutoka Shela. Alikaa na buibui lake mpaka alasiri.

Njeri anasema ninyamaze, maneno yatapoa. Hayapoi. Nikisema, naogopa atanifukuza moyoni mwake. Nisiposema, mimi ni mwizi. Najichukia leo.

Jumamosi, 10 Mei

Nimesema.

Bi Khadija alikuwa amekusanya wanawake kwake, na Bi Rukia kaitwa ajieleze. Nilimfuata. Kabla hajafungua mdomo nikasimama, nikasema Bin Jeneza ni mimi na Bi Rukia hajanambia lolote. Kisha Bi Khadija: "Ala! Si umelelewa nyumbani mwake? Ungeyajua wapi pengine?"

Bi Rukia hakunitazama. Akasema nisome. Hadithi yote, mbele ya watu.

Nikasoma. Mwosha wangu akaanza na ubavu wa kushoto. Nikasikia mtu anaguna. Nikaendelea. Mwosha akatia kafuri, ile ya kunukiza maiti, katika maji ya kwanza.

"Kafuri mai ya kwanda!" Bi Rukia kasimama wima. "Na kushoto kabla ya kulia! Mwana huyu kaosha maiti ama kaosha sahani?"

Ukumbi mzima ukapasuka kwa kicheko. Kila mwanamke mtu mzima pale anajua kulia ndiko kunakotangulia, na kafuri ni ya maji ya mwisho. Jirani yetu mmoja anafuta machozi, anasema kwa kweli huyu hajaambiwa kitu, maskini, hata ndia ya kuanzia, kulia au kushoto, haijui. Miaka yote nimelala ukuta mmoja na mwosha, na sikupata hata hilo! Ndivyo alivyofunga mdomo wake. Wameona wote.

Kisha wakanitaka nimalizie. Kwenye sanda Bi Rukia alicheka mpaka akashika nguzo. Nimemchekesha Bi Rukia! Wa mwisho kucheka ni Bi Khadija, naye akamshika mkono, akamwomba radhi.

Lakini mtu akikasirikia hirizi kiasi kile... Basi. Nanyamaza.

Jumatatu, 12 Mei

Njeri kapiga simu, nakala za dukani zimekwisha. Bi Rukia kanikalisha kitako, kalamu mkononi mwake, ananisahihishia ukurasa kwa ukurasa. Mkali kuliko Njeri. Punda kamwachia, jini kamwachia. Maiti, hapana, maiti lazima waoshwe sawasawa ndipo wafanye vituko vyao.

Jioni akaniita nije karibu yake. "Ndoo hapa." Akasema mwosha naye huoshwa, na yeye hataki kuja kuoshwa na mtu anayebahatisha, basi atanifunza. Nimekubali kabla hajamaliza. Nimelia kidogo, na kwa furaha.

Jumapili, 25 Mei

Asubuhi wafiwa wametuita kuosha, sisi wawili. Nilishika kopo. Maji ya uvuguvugu. Mikono ya Bi Rukia haina haraka, yangu ilitulia baada ya muda.

Kuna kitu nilikiona. Bi Rukia alikifunika kwa kitambaa, akaendelea kusoma dua.

Tumerudi, tumekunywa chai ya tangawizi. Njeri akapiga simu kuuliza kama nimepata hadithi.

Nimemwambia sikupata.