Kesho Tunapigana na Muzee Makala

Jumamosi, mtaa wa Mapendo, Goma. Asubuhi kulikuwa manyunyu, mchana jua la kuchoma, na sasa saa kumi na moja mawingu yamekula mulima wote. Mimi niko sawa.

Hapana, ninadanganya. Mikono inanitoka jasho na hata muchezo sijafungua.

Wenye kunisoma kila wiki munanijua: kapiteni wa kambi, fundi wa mikuki, kijana aliyeacha shule mwaka wa tatu wa sekondari na bado anaandika kuliko wenye diploma. Kama umeingia kwenye ukurasa huu leo mara ya kwanza, karibu, kaa. Utanizoea.

Kambi hiyo ni ya muchezo wa simu, wa mtandao. Unatupwa kwenye kisiwa mikono mitupu, na kazi yako ni moja tu: usikufe. Njaa, baridi, fisi, watu wabaya, vyote vinakutaka. Sisi tuko wane. Mimi. Kakule, jirani yangu hapa hapa Mapendo, familia yake ilitoka Butembo, mutu anayejua kulima hata ndani ya simu. Furaha wa mtaa wa Keshero, ambaye mshale wake haukosi na yeye mwenyewe hachoki kutukumbusha. Na Juma wa Kigoma, kule Tanzania, ambaye hatujawahi kumuona kwa macho, tunajua sauti yake tu. Juma anasema sisi tunaua Kiswahili. Sisi tunasema yeye anaongea kama redio.

Miezi mitano tumejenga kambi yetu. Ukuta ni wa mawe meusi ya volkano, kwa sababu mutoto wa Goma hata umpe dhahabu, atajengea mawe meusi. Kakule ana mistari sita ya maharagi. Furaha amejijengea chumba cha juu, na ameandika mulangoni kwamba mimi siruhusiwi kuingia. Usicheke. Ni nyumba yetu.

Na mwisho wa muchezo kuna adui mmoja. Ana jina la Kiingereza refu ambalo hakuna mutu alilisumbukia. Tunamwita Muzee Makala, kwa sababu mwili wake wote ni makala, yaani makaa, yenye kuwaka, kama yale Mama anapepea chini ya sufuria, ila huyu anapita mnara wa kanisa kwa urefu. Anakaa ndani ya mulima. Ukimuua, kambi yako inabaki yako siku zote. Ukishindwa mara mbili, anashuka, anaifunika kwa moto, na kila kitu kinafutika. Muchezo unakupa nafasi mbili tu.

Ya kwanza tuliipoteza Jumapili iliyopita.

Sasa hapa ndipo aibu inaanzia. Muzee Makala akitoka, simu inatetemeka ndani ya mukono, mbingu inakuwa nyekundu, na kuna mngurumo wa chini kabisa, ule ambao unausikia kwa tumbo mbele ya masikio. Tulikuwa tumepanga vizuri. Mimi mbele, kwenye jiwe pana, ninamvuta. Furaha na Juma nyuma yake. Kakule katikati na dawa. Mpango wa watu wazima.

Simu ikatetemeka, na sisi watatu wa Goma tukakimbia.

Hakuna mutu alitoa amri. Hapa kwetu, udongo ukitikisika, hausubiri maelezo. Furaha, mwenye mishale mia, alirudi kambini akabeba sufuria. Kakule akabeba godoro. Godoro, jamani! La muchezo, la majani! Na wote tukashika njia ya magharibi, mbio, kama vile ziwa la Lac Vert liko pale mbele na Sake nyuma yake, kama ile siku ya kweli wakati volkano ilipotapika, nilikuwa mutoto, na mji wote ulitembea kwa muguu kwenda Sake na vyombo kichwani. Lakini kwenye kile kisiwa magharibi hakuna Sake. Kuna ukingo, na chini ni bahari.

Tuliingia baharini wote watatu, na godoro.

Juma alibaki peke yake na Muzee Makala. Bado ninasikia sauti yake: “Nyie! Nyie watu! Mnakwenda wapi? Mbona mmebeba vyombo?” Halafu akaungua, maskini, bado anauliza.

Baadaye kila mutu aliuliza nani alianza kukimbia. Mimi nikasema rezo, ule mtandao wa simu, ilinikata. Nikasema simu yangu iliganda, na ilipofunguka nikaona Kakule tayari ako mbali na godoro kichwani. Wiki nzima wanamwita Bwana Godoro. Mimi ndiye niliyelitunga hilo jina. Nilijisikia mwerevu sana.

Rezo haikunikata.

Leo saa saba nilirudi peke yangu pale kwa mulima. Muchezo unakuruhusu kumuangalia adui ukiwa mbali, kwenye mgongo wa kilima, mradi usimguse. Niliweka simu juu ya meza ya nyumbani ili nisiishike, nikakunja mikono, nikasema: leo sitoki.

Akatoka.

Nitajaribu kuandika, ingawa mwalimu wangu wa zamani atasema maneno yangu ni machache. Mulima ulipasuka taratibu, kama mutu anayefungua mulango wa nyumba ambamo kuna mgonjwa. Kwanza ulitoka mwanga, na mwanga ulikuwa na uzito, majani yalilala chini yake. Halafu mukono. Kila kidole ni gogo la moto, na kati ya vidole kuna majivu yanaanguka polepole kama manyoya. Akasimama. Akaendelea kusimama. Nilidhani amemaliza, kumbe yalikuwa magoti tu. Kichwa chake kiliingia mawinguni na mawingu yakawaka kwa ndani, ile rangi yetu ya volkano, rangi ambayo kila mutu wa mji huu anaijua bila kufundishwa.

Na nilielewa kitu. Mara ya kwanza sikumuona. Miezi mitano ninajigamba kuhusu huyu muzee, na kumbe niligeuka kukimbia mbele hajatoa hata kidole. Yeye ni muzuri. Ninaona haya kuandika hivyo, lakini ni muzuri, ni mukubwa, na hana haraka. Nilisahau kufunga kinywa.

Simu ilikuwa inatetemeka juu ya meza, na vijiko vikaanza kulia ndani ya kikombe.

Mama alikuwa uani. Sijui aliingiaje. Sikusikia mulango. Niliinua macho, nikamkuta katikati ya chumba, tayari amefunga kitenge kiunoni, mukono mumoja juu ya godoro la kitanda changu, anaangalia ukuta kama anasubiri kuona ufa.

“Mama, ni simu tu.”

Akaachilia godoro. Kisha akapumua.

“Mutoto weye, siku moja utaniua.”

Akaja kuangalia. Alimtazama Muzee Makala muda murefu, bila kushtuka, kama mutu anayekutana na jirani wa zamani ambaye hawakuachana vizuri.

“Na huyu anataka nini?”

“Anataka kambi yetu.”

“Mumupatie. Mutajenga ingine.”

Akarudi zake uani, kutwanga sombe yake ya majani ya muhogo. Mumupatie! Kama mutu anayesema sahani imevunjika, lete ingine. Huyu mama, moto wa volkano ulikula nyumba yake mara moja mbele ya mimi kuzaliwa, na akaenda kuvunja mawe ya ule ule moto ulipopoa, akajengea haya maukuta ninayoyaegemea nikiandika. Nimelala ndani ya haya mawe maisha yangu yote na leo ndiyo nimeweka kiganja juu yake. Ni baridi. Nilishangaa ni baridi namna hiyo.

Lakini mimi siye Mama. Mimi sitaki kumupatia.

Saa tisa tukakutana wote wane kwa sauti, kupanga vita. Kesho saa nane, baada ya misa ya pili. Mutu wa mbele lazima asimame kwenye jiwe pana bila kusogea mpaka Muzee ainame kumtazama. Akiinama, mgongo unafunguka, Furaha anapiga. Mutu wa mbele akisogea hata hatua moja, Muzee anageuka na kuchoma wote.

“Zima mtetemo wa simu basi,” akasema Juma. “Tatizo lenu si mtetemo?”

“Weye,” akasema Furaha, “mtetemo ndio unatuambia muguu gani unashuka. Ukizima, utakanyagwa kama kopo. Bora Bwana Godoro tumfungie ndani ya kambi.”

Wakacheka. Kakule naye akacheka, kile kicheko cha mutu anayelipa ili wamuache. Ninamjua Kakule tangu tukiwa na meno ya maziwa, najua kicheko chake cha kweli. Hicho hakikuwa chenyewe.

Nikasema. Sijui kinywa kilifunguka vipi.

“Rezo haikunikata. Mimi ndiye nilikimbia wa kwanza.”

Hata Juma, redio yetu, alizimika.

“Eh, Kapiteni!” akasema Furaha. “Wiki nzima unatuuzia uongo? Muongo wa bei ya jumla!”

“Nilijua,” akasema Kakule.

“Ulijua nini?”

“Mujinga weye, nilikuwa nyuma yako. Nilikuona unageuka.” Hakuwa na hasira, na hilo ndilo liliniuma. “Mimi sikuogopa Muzee. Bado sikuwa nimemuona. Niliona weye unakimbia, nikasema, kama Kapiteni anakimbia, basi imeisha. Nikachukua godoro.”

Na kumbe wiki nzima alinyamaza. Aliacha nimuite vile mbele ya watu.

Juma akauliza swali ambalo kila mutu alikuwa analiogopa: “Sasa kesho nani anasimama mbele?”

Nilitaka Furaha ajitolee. Ninakiri. Nilimuomba moyoni.

“Yeye, Kapiteni,” akasema Kakule. “Mimi nyuma yake, palepale.”

Halafu akatoka kwenye laini, eti ana maharagi ya kumwagilia maji.

Ninaandika haya na sijui nijisifu namna gani. Nimejaribu. Nilianza sentensi tatu za kujigamba nikazifuta zote. Ninaendelea kuona ule mukono unatoka mulimani. Kesho utatoka tena, na safari hii itabidi niuangalie mpaka mwisho, mpaka uso, mpaka ainame karibu kabisa na anipumulie moto wake. Na nyuma yangu kutakuwa na mutu mumoja ambaye haangalii mulima hata kidogo. Anaangalia mgongo wangu, apate kujua kama dunia imeisha au bado.

Kesho saa nane. Jiwe pana. Sisogei.

Miguu yangu, mumesikia?