Usikate Kile Kimya

Mjukuu wangu Atupele,

Hapa Kawetele mvua haitaki kukata, ila sote tu wazima, na shangazi yako kaenda kuchuma chai hivyo hivyo. Rekodi ya sauti yangu uliyoniletea nimeisikiliza. Unauliza kwa nini nikitaja jina la kila aliyefunikwa na kilima nanyamaza kwanza kabla ya kutaja jingine, na unataka kukikata kimya hicho.

Siku kilima kilipoporomoka nilikuwa msichana. Wazee walikataza kulia. Tuliita jina moja, kisha wote kimya, majembe yameinuliwa, ili aliye chini aitike. Wengine waliitika, tukawafukua. Nilimwita rafiki yangu Tusajigwe. Kimya.

Mzee akasema, "Basi, binti, mwite mwingine."

Nikamwita mwingine. Ndipo Tusajigwe akaitika chini ya miguu yetu, "Abee!", kivivu, uvivu ule ule mama yake aliozoea kumgombezea. Tulichimba pale mpaka tukagonga mwamba. Hatukukuta mtu.

Majina wape watu wote wayasikie, mjukuu wangu. Ila kile kimya usikiguse. Tusajigwe huchelewa kuitika.

Bibi yako